Biringanya Halilali na Ndizi

Nimestaafu. Mnaotaka kucheka chekeni mmalize, nitasubiri.

Nina miaka kumi na sita. Magoti hayaniumi, na meno ninayo yote isipokuwa lile alilonitoa Anaeli kwa kiwiko siku tulipogombea kiazi. Lakini kwa miaka minne, kila Jumamosi, nimeteremka kutoka Akheri na kapu la mabiringanya kichwani mpaka barabara ya Moshi, nikadandia lori, nikaingia soko la Arusha umande haujakauka. Kesho naenda shule ya bweni na kazi nimeiacha. Mtu aliyetumikia kazi kisha akaiacha ni mstaafu. Kama kuna sheria inayodai mvi, nionyesheni imeandikwa wapi.

Nawaandikia ninyi mtakaorithi kapu. Wa kwanza ni wewe, Anaeli, kitinda mimba wa Shangazi Eliamani, mwenye miaka kumi na kichwa kigumu kama jiwe la mtoni. Wengine someni tu, hakuna anayewakataza. Wazee wakistaafu husimulia jinsi walivyokuwa hodari. Mimi nitasimulia jinsi watu wazima wanavyopumbaa mbele ya biringanya, maana hayo nimeyaona kwa macho yangu.

Tuanze na ukubwa, kwa sababu ndiko wengi wanakofia.

Mtu mzima akifika mbele ya fungu la mabiringanya, mkono wake unakwenda kwenye kubwa kuliko yote. Sijui ni ugonjwa gani. Karani wa soko alikuwa bingwa wa ugonjwa huo. Kaptula yake ilipigwa pasi mpaka ungeweza kukatia mkate, soksi zilifika magotini, kalamu mbili mfukoni ili ajulikane anajua kuandika mara mbili. Kila Jumamosi alichukua lile lililovimba na kupauka, ambalo hata ng'ombe wetu angelifikiria kwanza. Ndani yake mbegu zimekuwa za kahawia, zimejaa kama mchanga kwenye kiatu. Jumamosi inayofuata anarudi amekunja uso.

"Biringanya lenu lilikuwa chungu."

"Bwana Karani," nikamwambia, "liliachwa shambani mpaka likazeeka. Wewe ungeachwa juani hivyo ungekuwa mtamu?"

Shangazi alinifinya paja. Karani akacheka, akaondoka na kubwa jingine. Ndipo nilipojua kwamba kusoma kitabu ni jambo moja na kusoma biringanya ni jambo jingine, na serikali inalipa mshahara kwa lile la kwanza tu.

Sasa sikiliza, Anaeli, toa kidole puani. Biringanya bichi linang'aa lenyewe, bila kupakwa kitu. Ukilisogeza karibu unaona kivuli cha pua yako. Ngozi imekaza kama ya ngoma. Ukiliweka kiganjani, linakuwa zito kuliko lilivyoonekana. Likiwa jepesi, maji yameshatoka na unabeba hewa. Kofia yake ya kijani iwe imeshika kichwa sawasawa, na vile vimiiba vyake vikuchome ukivipapasa. Vikikuchoma usipige kelele, shukuru. Tazama na pale kisu kilipopita kwenye kikonyo: pawe na unyevunyevu wa kijani, si pakavu kama kisiki cha mwaka juzi. Mwisho ni kidole gumba. Bonyeza taratibu, kama unavyobonyeza jipu la mtu unayemwogopa. Pakirudi, ni zuri. Pakibaki bonde, mpe mbuzi, tena mwombe radhi.

Kidole gumba sikufundishwa na Shangazi. Nilifundishwa na Mama Hansa, naye hakujua kwamba anafundisha.

Mama Hansa ni Mhindu, mke wa mwenye duka la vitambaa nyuma ya soko. Nyumbani kwake hawali nyama, wala samaki, wala yai. Kwetu biringanya ni kitu cha kusindikizia ugali pesa ikiwa imekimbia. Kwao ni karamu. Kwa hiyo Mama Hansa hadanganyiki. Mwaka wangu wa kwanza sokoni, kila Jumamosi alipita mbele yetu na mfuko wake wa turubai, Shangazi akamwita, "Mama, karibu! Karibu mama, mazuri ya leo!" Mama Hansa akainama, akabonyeza moja, akabonyeza la pili, akafyonza, akaenda zake kwa mzee mmoja wa Usa River aliyekaa hatua kumi kutoka kwetu.

"Ananibonyezea mali yangu kama anatafuta chawa," Shangazi alinung'unika.

Mimi nikawa natazama yale mabonde. Yetu yalibaki. Nikajipitisha kwa mzee wa Usa River, nikajifanya kuokota senti, nikabonyeza la kwake. Likarudi kama godoro la misheni. Miaka kumi Shangazi amekaa pale sokoni, na hajawahi kutembea hatua kumi.

Na ubaya wenyewe, biringanya la Mama Hansa halikuwa lake peke yake. Alikonunua yeye, ndiko walikonunua wake wote wa mtaa ule wa maduka. Lile alilolikataa saa mbili asubuhi, saa kumi jioni lilikuwa bado linatutazama, tena limekunja uso zaidi. Tulirudi nalo Akheri tukalila sisi. Shangazi alitaka kitu kimoja tu duniani baada ya uzima wa milele: Mama Hansa asimame mbele yake asipite.

Sasa, kwa nini yetu yalikuwa mabaya, na shamba letu liko kando ya mfereji, na udongo ni ule ule wa mlima Meru? Kwa sababu ya dari.

Sisi ni watu wa ndizi. Sina ugomvi na ndizi, nimelelewa nayo. Lakini Shangazi anaamini hakuna jambo lisilotengenezwa na ndizi. Ndizi za pombe zinaivishwa darini, juu ya jiko, zimefunikwa majani makavu, joto na moshi vikipanda toka chini. Ndizi inapenda mambo hayo. Basi Shangazi akaona dari ile ni hospitali ya mazao yote. Kilichovunwa leo kilipandishwa kule kikalazwa na ndizi. "Kitu kikilala na ndizi," alisema, "kinajifunza adabu."

Nilimwambia ukweli mapema. Nilimwambia, "Shangazi, wewe unayapika kwanza ndipo unayauza." Nilisema hivyo baada ya ibada, mbele ya kina mama wa kanisani, wakacheka mpaka mmoja akashika ukuta. Shangazi hakucheka. Tangu siku hiyo, hata kama malaika angemshukia kumwambia aondoe mabiringanya darini, angemuuliza kama ametumwa na mimi.

Msidhani wataalamu walisaidia. Alikuja bwana shamba mmoja, akatukusanya kwenye uwanja wa shule, akatuambia tuoshe mazao yote kabla ya kuyaweka, kwa ajili ya usafi. Tukayaosha kama watoto wa ubatizo, tukayapanga yakiwa majimaji. Siku ya tatu yalikuwa na utelezi, ukishika moja linakuponyoka kama sabuni. Bwana shamba hakurudi. Nasikia alipelekwa Kisongo kuwafundisha wafugaji habari za ng'ombe. Mungu awarehemu ng'ombe.

Haya. Siku moja, katikati ya wiki, tulikuwa sokoni kwa sababu ya sikukuu ya shule. Mama Hansa akaja moja kwa moja mbele yetu. Hakubonyeza kitu.

"Eliamani," akasema. Shangazi akashtuka, hakujua kwamba jina lake linajulikana. "Hansa anaolewa Jumamosi. Mzee wa Usa River, mto umeingia shambani kwake. Nataka makapu manne. Yakiwa mazuri, nanunua kwako siku zote. Yakiwa mabaya, usiniite tena 'mama, karibu'. Nitapita kama hakuna mtu hapa."

"Utapata, mama," Shangazi akasema. Njia nzima ya kurudi alihesabu makapu manne kwa vidole, tena na tena. Kwa Shangazi hiyo ni kama homa.

Akili timamu ingengoja Ijumaa jioni ndipo ivune. Shangazi aliogopa wezi, akaogopa mvua, akaogopa nyani, akavuna Alhamisi. Alinyonga kila biringanya kwa mkono kama kuku. Mimi nilikata kwa kisu nikiacha kikonyo chenye urefu wa kidole, naye akaniambia najifanya daktari. Tulijaza makapu manne ya makubwa. Likabaki la tano, madogo madogo, makubwa yao kama yai la bata.

"Hayo ni aibu," akasema. "Nayo yapandishe darini. Labda ndizi zitayakuza."

Someni tena sentensi hiyo. Mwanamke mzima, amezaa, ameolewa kanisani, anaongoza kwaya. Ndizi zitayakuza.

Nilikuwa nimepanda ngazi ile mara nane. Miguu inatetemeka, macho yamejaa moshi. Shangazi alipogeuka, nikalisukuma kapu la tano chini ya ghala la mahindi, penye kivuli na upepo unaopita, juu ya nyasi kavu, nikalifunika kipande cha kanga kuukuu. Sikuwa na maarifa yoyote. Nilichoka. Niliandikiwa kutochoka?

Jumamosi alfajiri tukateremsha manne. Nilishika moja, nikahisi kofia inacheza kichwani. Ngozi imefifia kama kiatu kisichopakwa dawa. Siku mbili na ndizi zinazoiva. Ndizi ikiiva inatoa pumzi, huioni, lakini kilicho jirani yake kinazeeka nayo. Shangazi akayatazama kwenye mwanga wa kibatari. Kisha akachota samli, akaanza kuyapaka, moja moja.

"Sasa yanang'aa," akasema.

"Yananuka harusi ya jana," nikasema.

"Nyamaza, Ndeshi. Leo nakuomba, nyamaza."

Hakuwahi kuniomba kitu. Nikanyamaza. Nikalichukua na lile kapu la tano, nikidhani nitayauza mafungu ninunue kashata.

Ua wa nyumba ya Mama Hansa ulikuwa na masufuria ambayo mngeweza kuoga ndani yake, na wanawake wengi wakikatakata vitu. Mama Hansa akaja akifuta mikono. Akalishika biringanya la juu kwa kofia ili aliinue. Kofia ikabaki mkononi mwake. Biringanya likaanguka, likabiringika sakafuni mpaka kwenye miguu ya Shangazi.

Limemvulia kofia, nikasema moyoni. Kweli limejifunza adabu.

Mama Hansa akainusa kofia. Akanusa na kidole gumba chake. "Eliamani, umeyapaka nini?"

Kicheko cha kumcheka Shangazi nilikuwa nimekingoja mwaka mzima. Kilikuja mpaka kooni, nikamwona Shangazi amesimama na kanga yake ya kanisani, samli mpaka kwenye kiwiko, kikarudi kilikotoka.

"Samli, mama," Shangazi akasema. "Yalilala na ndizi. Huyu mtoto aliniambia. Sikumsikia."

Nilitegemea tufukuzwe. Mama Hansa akafumba macho, akayafumbua, akasema, "Njooni."

Akatupeleka sebuleni. Pale sebuleni, chini ya picha ya Malkia, palisimama friji ya mafuta ya taa, nyeupe, imefunikwa kitambaa cha maua kama bibi harusi mwenyewe. Mumewe aliiweka hapo ili wageni waione. Mama Hansa akaifungua. Ndani, mabiringanya. Alikuwa ameyanunua huku na huku siku ile ile ya Alhamisi, kwa sababu hakutuamini, na hapo alikuwa na akili. Lakini yalikuwa na vishimo na madoa ya kahawia, kama aliyepona ndui. Akalikata moja. Mbegu nyeusi tii.

"Miaka thelathini nimeyaweka kwenye kikapu, chini ya meza ya jikoni," akasema polepole. "Juzi mume wangu akaniambia, mashine ya Ulaya ipo, wewe unatumia kikapu? Nikamsikiliza."

Wakatazamana, Shangazi na Mama Hansa. Mmoja ameyapika kabla ya kupika, mwingine ameyagandisha. Wanawake wawili wenye miaka mia moja baina yao, na biringanya zima hakuna. Hapo kicheko kikanitoka bila ruhusa.

"Mngeyachanganya," nikasema, "yangekuwa ya uvuguvugu."

Mkono wa Shangazi ukaja kwenye paja langu. Ukaishia njiani, kwa sababu Mama Hansa aliuliza, "Na hilo kapu mlangoni?"

"Hayo ni ya mbuzi, mama, nisamehe," Shangazi akasema upesi. "Madogo."

Mama Hansa alikwishainama. Akabonyeza. Pakarudi. Akabonyeza jingine, pakarudi. Akashika kofia, kimiiba kikamchoma, akakiweka kidole mdomoni, na kwa mara ya kwanza tangu tumjue, akatabasamu.

"Mbuzi gani anakula haya? Haya ndiyo ya kujaza." Akatuonyesha: unalipasua juu mkato wa msalaba bila kulimaliza, unalijaza karanga zilizotwangwa na nazi na viungo, unalipika zima. Hilo kubwa la karani halijaziki. "Meza ya wazee wa bwana harusi itakula haya. Wengine watakula viazi, wamshukuru mume wangu. Eliamani, haya yalilala wapi?"

Shangazi akanitazama. Hakujua.

"Chini ya ghala," nikasema. "Nilichoka kupanda dari."

Mama Hansa akafikiri. "Basi, Eliamani, kila Jumamosi kapu moja la madogo. Na atakayeyalaza ni huyu aliyechoka."

Hivyo ndivyo nilivyoajiriwa. Wengine huajiriwa kwa cheti. Wiki ya pili mtaa mzima wa maduka ulisimama mbele yetu, na makapu yakawa matatu, na mimi ambaye nilikwepa ngazi siku moja nikalipa kwa miaka mitatu.

Lile la uvivu nikalifanya kwa makusudi tangu hapo, nanyi mlifanye. Vuneni Ijumaa jioni, kwa kisu, mwache kikonyo. Msiyaoshe, vumbi lifuteni kwa kitambaa kikavu. Msiyarundike, la chini linachubuka na chubuko la leo ni uozo wa kesho. Kapu la wazi, nyasi kavu, kivuli, upepo. Mwezi wa sita na wa saba, baridi ya mlima inapouma, msiyaache nje usiku, maana Mungu naye ana friji. Yaingizeni ndani, mbali na mlango na mbali na jiko. Nyanya mbivu zisiwe karibu. Na ndizi, Anaeli, ndizi ikae nyumba nyingine kabisa. Siku tatu, nne, yawe yameliwa. Aliyekwisha kulikata alipike, asilirudishe sokoni kuuliza mbona limekuwa jeusi.

Shangazi siku hizi anasimulia habari hii pale sokoni. Katika masimulizi yake, ni yeye aliyeliweka kapu chini ya ghala. "Nikasema, haya madogo niyatenge, nina mpango nayo." Kina mama wanatikisa kichwa kwa heshima. Karani wa soko anatikisa kichwa, biringanya kubwa mkononi. Mimi nimekaa pembeni, nakata kikonyo. Ningeweza kusema. Siku ile nyumbani kwa Mama Hansa alisema ukweli mara moja mbele ya watu, na nadhani ulimtosha maisha yote.

Nawaandikia haya yote kwa sababu ya jambo la jana. Jana Shangazi alinifungia zawadi ya safari ya shule. Aliamka mapema kuliko mimi, akanitengenezea furushi kwa mikono yake, akalikaza kwa kamba ya mgomba, akasema, "Usile njiani kwa pupa, Ndeshi. Na mdomo wako upunguze huko." Kisha akaingia ndani haraka, akasema moshi umemwingia machoni. Jiko lilikuwa halijawashwa.

Nilifungua furushi nyuma ya ghala. Mkungu mdogo wa ndizi mbivu, zinanukia vizuri sana. Na katikati ya ndizi, yamelazwa kwa upendo na kufunikwa majani makavu, mabiringanya madogo sita.

Nikalishika la kwanza kwa kofia. Kofia ikabaki mkononi mwangu.

Anaeli, Jumamosi zamu ni yako. Shangazi asiguse kapu.